Kona ya Mgeni: Bondia wa Kiingereza, Bondia Wetu

Mhadhara kwa wananchi, Tukuyu, Wilaya ya Rungwe

  Sitawasifu kwa kuja na mvua hii, maana anayesubiri mvua ikatike Tukuyu hatatoka ndani mpaka Septemba.

Kamati iliniomba nizungumzie ngumi za kulipwa. Kijana mmoja wa kamati akaongeza ombi lake: nieleze bondia wa Kiingereza wa uzito wa kati anafikaje pale alipo. Nimelikubali ombi hilo, kwa sababu njia ya Mwingereza huyo imekatiza njia yetu zaidi ya mara moja. Kusudi langu ni kueleza jambo moja. Bondia Mwingereza akipigwa leo, baada ya muda anarudi ulingoni kugombea mkanda mwingine. Bondia wetu akimpiga Mwingereza huyohuyo, anarudi nyumbani kusubiri simu. Kwa nini?

Kwanza tuelewane juu ya kilo. Katika ngumi za kulipwa, uzito wa kati unaishia pauni 160, yaani kilo 72.57. Ngazi iliyo chini yake, ambayo watangazaji wetu huiita super welter, inaishia pauni 154, kilo 69.85. Tofauti haifiki kilo tatu, na mabondia wengi hupanda na kushuka kati ya ngazi hizo mbili. Baadhi ya nitakaowataja leo wamefanya hivyo.

Hoja ya kwanza: mikono yetu haina upungufu

Mwaka 1970, mjini Edinburgh, Scotland, ilifanyika Michezo ya Jumuiya ya Madola. Fainali ya uzito wa kati iliwakutanisha Titus Simba wa Tanzania na kijana wa miaka 19 kutoka Liverpool, John Conteh, ambaye baba yake alitoka Sierra Leone. Conteh akachukua dhahabu, Simba akachukua fedha. Hiyo ni miongoni mwa medali za mwanzo kabisa za nchi yetu katika michezo hiyo. Nilipowauliza vijana hapa mlangoni, hakuna aliyewahi kulisikia jina la Titus Simba. Siwalaumu wao. Nawalaumu waliokuwa na wajibu wa kuwasimulia.

Mwaka uliofuata Conteh aliingia ngumi za kulipwa. Oktoba 1974, akiwa amepanda uzito, alimshinda Jorge Ahumada wa Argentina huko Wembley na kuwa bingwa wa dunia wa WBC, mojawapo ya mashirika yanayotoa mikanda ya dunia. Simba alirudi nyumbani na medali yake.

Sasa rukeni miaka 48 tangu Edinburgh. Tarehe 8 Septemba 2018, Birmingham. Pambano kubwa la usiku ule lilikuwa la Amir Khan na Samuel Vargas. Chini yake, katika mapambano ya utangulizi, alipanda mwenyeji wa eneo lile, Sam Eggington. Huyu hakuwa bondia wa mitaani. Alikuwa ameshika mikanda ya Uingereza na ya Jumuiya ya Madola katika uzito wa welter, na Machi 2017 alimwangusha Paulie Malignaggi, Mmarekani aliyewahi kuwa bingwa wa dunia katika uzito wa aina mbili. Mwaka huohuo akauchukua ubingwa wa Ulaya, kisha akaupoteza. Mbele yake akawekwa Mtanzania ambaye wengi ukumbini hawakuweza kulitamka jina lake, Hassan Mwakinyo. Raundi ya pili haikumalizika. Mwakinyo alimbana Eggington kwenye kamba, makonde yakamiminika, mwamuzi akaingia kati.

(Najua wapo hapa wanaosema, "Mwakinyo, si wetu huyo?" Ndugu zangu, majina ya Mwa- hayaishii Rungwe. Nendeni Kwale na Taita mtayakuta tele. Mwakinyo ni mtu wa Tanga, na Tanga hawatamwachia.)

Mara ya tatu ilikuwa Liverpool, tarehe 3 Septemba 2022. Mpinzani alikuwa Liam Smith, bingwa wa zamani wa dunia wa shirika la WBO. Pambano lilisimamishwa raundi ya nne, Smith akapewa ushindi, na baada ya hapo Mwakinyo alieleza habari za maumivu ya mguu na viatu visivyomkaa. Mjadala ulichukua wiki nzima vijiweni. Mimi sikuushiriki. Bondia anayepanda ulingoni na viatu visivyomkaa tayari anatueleza hali ya maandalizi yake, hata kabla hajarusha konde.

Basi katika mikutano hiyo mitatu tumeshindwa miwili na kushinda mmoja, na mmoja wa ile tuliyoshindwa ulikuwa fainali. Ongezeni hapo dhahabu ya Michael Yombayomba, Kuala Lumpur 1998, na shaba mbili za Kassim Mbundwike na Yusuf Changalawe, Birmingham 2022. Mtu aje aniambie Watanzania hawajui kupigana.

Angalieni kilichofuata baada ya kila kengele ya mwisho. Eggington, yule aliyesimamishwa raundi ya pili, mwaka 2019 alipelekwa Florence, Italia, akamshinda Orlando Fiordigiglio nyumbani kwake. Septemba 2021, mjini Coventry, alipanda hadi uzito wa kati na kumshinda kwa pointi Mfaransa Bilel Jkitou katika pambano la damu na ukaidi ambalo Waingereza wengi waliliweka miongoni mwa mapambano bora ya mwaka. Akapata mkanda wa fedha wa WBC. Aliyepigwa akaendelea na kazi.

Na aliyepiga? Sisemi Mwakinyo alikaa bure. Machi 2019 alipigana Nairobi na Sergio González wa Argentina, akashinda. Novemba mwaka huo, Dar es Salaam, alimshinda kwa pointi Arnel Tinampay wa Ufilipino, uamuzi uliozua mabishano makali, na hapo sisi ndio tulikuwa wenyeji. Mwaka 2021 alimsimamisha Julius Indongo wa Namibia, aliyewahi kushika mikanda ya dunia katika uzito mdogo kuliko wa Mwakinyo. Lakini aliporudi Uingereza, miaka minne baada ya kumpiga Eggington mbele ya watu wake, aliwekwa tena kona ya mgeni. Ushindi wa Birmingham haukumbadilishia kiti.

Ninyi wakulima wa chai mnaielewa hali hii kuliko mimi. Mnachuma majani mabichi, mnayapima, mnalipwa kwa kilo. Jina linaloandikwa kwenye pakiti, na bei ya pakiti, vinaamuliwa kwingine. Bondia wetu ni majani mabichi.

Hoja ya pili: kupigwa ni kazi, na kazi hiyo ina soko lake

Jambo hili huwashangaza watu, kwa hiyo nitalisema taratibu. Kila usiku wa ngumi Uingereza una kona mbili. Kona ya mwenyeji ni ya kijana anayejengwa. Ana promota, anauza tiketi kwa ndugu na majirani, anatafutiwa wapinzani kwa hesabu: huyu ampe raundi sita, huyu ampime pumzi, huyu ana jina lakini amechoka. Kona ya mgeni ni ya yule aliyeitwa ili kijana apate mazoezi ya kweli. Mgeni anajua kwa nini ameitwa. Analipwa, anajikinga, anapoteza kwa pointi, na wiki ijayo yuko mji mwingine.

Birmingham hiyohiyo ilikuwa na mtu aitwaye Peter Buckley. Alipigana mapambano 300 ya kulipwa, akapoteza 256, sare 12, akashinda 32. La mwisho, Oktoba 2008, alishinda. Msicheke. Mtu huyo aliendesha maisha kwa kazi hiyo, na alijua kujikinga kuliko mabingwa wengi. Waingereza walimheshimu. Na Eggington mwenyewe, alipoanza mwaka 2012 akiwa kijana wa miaka 18, hakuwa na ndoto za mikanda. Alitaka pesa za kulea familia, akakusudia kuwa mtu wa kona ya mgeni. Ngumi zake zikamkatalia.

Sasa linganisheni. Buckley akipoteza Jumamosi, Jumapili yuko nyumbani kwake, na Jumatatu meneja wake anapiga simu kumi za kazi. Mtanzania anayeitwa kwa kona ileile hupata habari zikiwa zimebaki siku chache. Hajui kilo zitakuwa ngapi mpaka mkataba ufike, anakimbizana na viza, anakunja miguu kwenye ndege usiku kucha, anakausha mwili kwa kujinyima maji, na anapigana akiwa bado hajazoea saa za huko. Anayechagua uzito ni mwenyeji, na zile kilo zisizofika tatu nilizozitaja mwanzoni zinaweza kuamua pambano kabla ya kengele.

Kuna la waamuzi pia. Kwa miaka mingi Uingereza, pambano lisilo la ubingwa halikuwa na majaji watatu. Mwamuzi aliye ulingoni ndiye aliyetoa pointi, peke yake. Sisemi alidhulumu. Nasema mgeni aliyetaka kuwa na uhakika alipaswa kufanya kama Mwakinyo: asimwachie mtu kazi ya kuhesabu.

Ushauri wangu kwa kijana anayeota Ulaya ni mfupi. Ukiitwa, jiulize umeitiwa kona ipi. Ukikubali kona ya mgeni, ikubali kwa bei yake, macho yakiwa wazi, wala usije ukawaambia wazazi wako kwamba unakwenda kugombea ubingwa.

Hoja ya tatu: bingwa hutoka kwenye klabu ya mtaa

Liam Smith ni mmoja wa ndugu wanne, Paul, Stephen, Liam na Callum, wote mabondia wa kulipwa. Wote walilelewa kwenye klabu ya ngumi za ridhaa ya Rotunda, mtaa wa Kirkdale, Liverpool. Conteh kabla yao alitoka klabu ya Kirkby, pembeni ya jiji hilohilo. Mkiingia klabu za aina hiyo mtashangaa kwa udogo wake: ukumbi wa kawaida, mifuko ya kupiga, ulingo mmoja, jedwali la uzito ukutani, na kocha ambaye mara nyingi hajalipwa kitu. Mtoto anaingia akiwa na miaka kumi. Anapimwa, anasajiliwa, ana kitabu kinachoandikwa kila pambano lake na kila mara alipopigwa hadi kusimamishwa. Anapofikisha miaka 19 na kukutana na mtu kama Titus Simba kwenye fainali, amekwisha kupigana miaka tisa mbele ya watu wanaomjua kwa jina.

Sisi tunaanzia mwisho. Kijana wa Kiwira au Ushirika anaonekana ana nguvu kwa sababu amebeba mikungu ya ndizi tangu akiwa mtoto, mtu anampeleka Mbeya, mwaka haujaisha tayari ana pambano la kulipwa. Tunasema ana kipaji. Kipaji anacho. Hewa ya mlimani anayo, kilima cha kukimbia anacho nje ya mlango, maziwa, maharage na parachichi ni chakula ambacho kambi nyingi za Dar es Salaam zingekitamani. Hana mapambano ishirini ya ridhaa yanayomfundisha kupigwa bila kuchanganyikiwa.

Na mji huu unajua kitu juu ya kipaji kisicho na nyumba. Mwaka 1986 timu ya mpira ya Tukuyu Stars, Banyambala wenyewe, walipanda daraja na mwaka huohuo wakachukua ubingwa wa Tanzania, klabu za Simba na Yanga zikiwatazama. Wazee mlioko hapa mliuona mchezo ule. Naona wawili wanatikisa kichwa. Wachezaji wakatafutwa na klabu kubwa, timu ikashuka, na tangu hapo tumebaki kusimulia. Sikuja kuwachoma. Nauliza tu: kama mpira, mchezo tunaoupenda kuliko yote, haukujengewa msingi wa kubaki hapa, tunategemea nini kwenye ngumi?

Hoja ya nne: daktari

Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo Uingereza yenyewe ilifundishwa kwa gharama kubwa.

Michael Watson alikuwa bondia wa uzito wa kati kutoka London, mtaratibu, fundi. Mei 1989 alimsimamisha Nigel Benn, mtu ambaye wakati ule kila mmoja aliogopa konde lake. Juni 1991 alipoteza kwa pointi kwa Chris Eubank, na wengi waliona ameonewa. Wakarudiana tarehe 21 Septemba 1991, safari hii kwa uzito wa juu kidogo, kwenye uwanja wa mpira wa White Hart Lane. Raundi ya 11 Watson alimwangusha Eubank. Eubank akainuka, na katika sekunde za mwisho za raundi ileile akatoa konde la chini kwenda juu lililomrusha Watson nyuma, shingo ikagonga kamba. Raundi ya 12 mwamuzi akalisimamisha. Watson akaanguka palepale ulingoni, damu ikivuja ndani ya fuvu.

Hakukuwa na vifaa vya kumpa hewa palepale. Karibu nusu saa ilipita kabla ya matibabu yaliyohitajika. Hospitali ya kwanza aliyofikishwa haikuwa na wapasuaji wa ubongo, akahamishiwa nyingine. Alikaa siku 40 bila fahamu na alipasuliwa ubongo mara sita. Miaka mingi akawa kwenye kiti cha magurudumu. Mwaka 2003 aliimaliza marathoni ya London kwa miguu yake, akitembea kwa siku sita, na daktari wake, Peter Hamlyn, akiwa pembeni.

Lakini kinachotuhusu zaidi ni kesi. Watson aliishtaki Bodi ya Udhibiti wa Ngumi ya Uingereza, chombo kilichokuwapo tangu 1929. Hoja yake ilikuwa kwamba Bodi inayotoa leseni na kutunga kanuni za matibabu ina wajibu kwa bondia endapo kanuni hizo ni hafifu. Mwaka 1999 Mahakama Kuu ikakubaliana naye. Bodi ikakata rufaa, na mwaka 2000 ikashindwa tena. Siku hizi Uingereza hakuna ulingo wa Bodi bila madaktari, bila mtaalamu wa kumrudishia mtu pumzi, bila gari la wagonjwa lenye vifaa, na bila hospitali yenye wapasuaji wa ubongo iliyokwisha kuarifiwa kabla ya kengele ya kwanza.

Sasa tuje Rungwe. Kutoka hapa hadi Hospitali ya Rufaa ya Kanda Mbeya ni takriban kilomita 70, barabara ya milima na malori ya mpakani Kasumulu. Gari likienda vizuri ni zaidi ya saa moja. London, jiji lenye hospitali nyingi kuliko mkoa wetu wote, nusu saa ilitosha kumwondolea Watson maisha aliyokuwa nayo. Mkisikia kipaza sauti mtaani kinatangaza "usiku wa mabingwa" Tukuyu, mwulizeni promota swali moja kabla ya kununua tiketi: gari la wagonjwa liko wapi, na nani amelipia mafuta? Akisema litaitwa likihitajika, rudini nyumbani mkale chakula cha jioni.

Wazazi, msione haya kuuliza. Kamisheni ya Ngumi za Kulipwa Tanzania ipo, na leseni ya bondia na kibali cha pambano ni karatasi mnazoweza kuziomba mzione. Hapo nyuma tulikuwa na vyama zaidi ya kimoja vikivutana, kila kimoja na mikanda yake. Sasa kuna mlango mmoja wa kugonga. Ugongeni.

Hoja ya tano: pesa

Hii nitaipitia haraka, kwa sababu mnaijua. Julai 1951 Randolph Turpin wa Leamington alimshinda Sugar Ray Robinson mjini London na kuwa bingwa wa dunia wa uzito wa kati. Robinson alikuwa amepoteza pambano moja tu kabla ya hapo. Turpin alikaa na taji siku 64, Robinson akalichukua tena New York. Pesa alizozipata zilikuwa nyingi kwa zama zile. Miaka kumi na moja baadaye alitangazwa kufilisika, na mwaka 1966 alikufa kwa mkono wake mwenyewe, akiwa na miaka 37. Alikuwa na nchi nzima nyuma yake, na bado hakuwa na mtu wa kumkalisha chini na daftari la mahesabu. Kama hilo liliwezekana kwa bingwa wa dunia, bondia anayelipwa kwa pambano moja baada ya miezi sita anahitaji mhasibu kabla ya kuhitaji meneja wa pili.

Tunayoweza kuyafanya sasa

Mwenyekiti, sikuja kuomba jengo la mabilioni. Naomba mambo ambayo halmashauri na wananchi wa Rungwe wanayaweza.

Tupate ukumbi mmoja wa shule au wa kanisa uliokaa bure jioni, wenye sakafu kavu. Tumpate kocha mmoja aliyesoma ngumi za ridhaa, na tumlipe, hata kama ni kidogo, maana kocha asiyelipwa hugeuka promota. Watoto waandikishwe, wapimwe na hospitali ya wilaya kabla ya glovu kufungwa, na kila mmoja awe na kitabu chake. Asiende ngumi za kulipwa mtu yeyote kutoka klabu hiyo kabla ya kumaliza idadi ya mapambano ya ridhaa ambayo kocha na daktari watakubaliana. Wasichana wawe na saa zao, kwa usawa, si kwa fadhila.

Julai 2026 Michezo ya Jumuiya ya Madola inafanyika Glasgow, na ngumi zimo. Scotland tena, kama ilivyokuwa kwa Titus Simba. Sina mtoto wa Rungwe wa kumpeleka huko, na anayesema anaye anawadanganya. Mtoto wa miaka kumi akiandikishwa mwaka huu, miaka tisa ijayo atakuwa na umri aliokuwa nao Conteh Edinburgh. Hesabu yangu inaanzia kwake.

Diwani wa kata hii ameniambia, kabla sijapanda jukwaani, kwamba kikao cha bajeti kiko karibu. Namwomba hadharani sasa, mbele yenu nyote, aweke fungu la kocha mmoja kwenye mapendekezo yake. Mfuatilieni.